Mama Mzazi

12 Machi

Mdogo wangu,

Salamu nyingi, na Mungu akupe nguvu. Kaa kwanza. Kama umesimama na sinia la huyo bibi unayemlea, liweke chini ndipo usome.

Chiriku amechukuliwa. Sikukuandikia siku ile ile kwa sababu nilidhani atarudi kabla wino haujakauka, nikawa nimekupandisha presha bure. Kesho yake nikajiambia vivyo hivyo. Leo nimetoka ibadani nikiwa sijasikia hata neno moja la mahubiri, nikaona kuendelea kunyamaza ni dhambi nyingine juu ya msiba.

Ilikuwa hivi. Nilikuwa nashona sare za shule, zipu zikaniishia. Nikamtuma mtaa wa pili, kwa yule muuza vifungo mwenye miwani. Unamjua mwanao: ukimtuma zipu, anarudi na zipu na habari za nyumba tatu. Kwa hiyo alipokawia sikushtuka, nilisema tu moyoni kwamba leo mdomo wake nitaupiga pini. Kumbe asubuhi ile vijana walirusha mawe kwenye ofisi za manispaa, na polisi wakaja na malori wakazoa kila mwenye umri wa kukimbia. Muuza vitunguu wa pale pembeni alimwona akipandishwa. Anasema alikuwa akiwaeleza askari kwamba ametumwa na mama yake, akawanyooshea na zipu wazione. Mmoja akacheka, akamwambia apande nazo.

Kituoni nimekwenda kila siku isipokuwa leo. Askari wa mapokezi ameshanizoea, ananiita Mama Zipu. Anapitisha kidole kwenye kitabu chake, anasema hayupo. Nilimuuliza, kama hayupo hapa yuko wapi, akanijibu kwamba mabinti wa siku hizi wana marafiki. Ana miaka kumi na tano, mdogo wangu, na rafiki yake ni cherehani yangu.

Usilie mbele ya huyo bibi, wasije wakapata sababu juu yako. Lia ukioga.

Dada yako


2 Aprili

Dada,

Barua yako imekaa kwa wakala aliyenileta kazini huku mpaka dereva wa hapa alipoikumbuka. Nimeisoma chooni, ndipo pekee katika nyumba hii penye komeo la ndani.

Nimemwambia mwenye nyumba nataka kurudi. Amesema mkataba. Nimemwambia mwanangu amepotea. Amesema pole, kisha akauliza kama bibi ameshakunywa dawa. Pasipoti wanayo wao na simu wanayo wao, kwa hiyo usihangaike kupiga.

Sasa nisikilize. Acha kwenda kituoni kuuliza kwa upole. Wewe ukiambiwa hayupo unasema ahsante, nakujua. Tafuta wakili. Binti wa huyu bibi ni mtu wa sheria, huwa namsikia akizungumza mezani. Iko amri ya mahakama ya kuwalazimisha waliomshika mtu wamlete mbele ya jaji, akiwa mzima, waeleze wamemshika kwa nini. Wakishindwa kueleza, anaachiwa. Hiyo ndiyo unayoitaka. Ukifika kwa wakili usianze na habari za muuza vitunguu. Anza na hiyo amri.

Usiende hospitali kumwulizia. Na kule kwingine usiende kabisa. Yuko hai.

Niambie alikuwa amevaa nini. Niambie nywele zilikuwaje. Nilipoondoka alikuwa bado hajui kufunga kamba za viatu, na kila nikimfikiria ndani ya lori namwona yule wa kamba za viatu. Huyu wa sasa siwezi kumwona.

Mdogo wako


25 Aprili

Mdogo wangu mpenzi,

Alivaa gauni la bluu lenye mifuko miwili mikubwa. Mifuko alinilazimisha nimshonee, mimi nikisema inaharibu mkao. Nywele zilikuwa nusu. Upande mmoja nilishamsuka, upande wa pili nikamwambia tutamalizia akirudi.

Wakili nimempata. Ofisi yake iko juu ya duka la matairi, ngazi zinanuka mpira, na yeye mwenyewe ni kijana ambaye ningeweza kumtuma chumvi. Lakini alisimama nilipoingia, akanivutia kiti, hata sikuwa nimesema neno. Nilianza na ile amri kama ulivyoniagiza, akafurahi, akasema ndiyo yenyewe. Halafu akaniambia kwamba hapo zamani wanasheria walikuwa wakiiita amri ya kuleta mwili. Nikanyanyuka nikachukua mkoba wangu. Nikamwambia mimi sikuja kuomba mwili, nimekuja kuomba mtoto, na kama mahakama inatoa miili basi nimekosea mlango. Masikini, alinifuata mpaka kwenye ngazi akiniomba radhi, anaapa kwamba mwili maana yake mtu mzima mzima, na miguu yake na sauti yake. Nikarudi. Lakini nilimwambia neno hilo asilitamke tena mbele yangu, na hajalitamka.

Aliniuliza mimi ni nani kwa mtoto, nikamwambia mama yake. Akaandika. Akauliza amekaa kwangu tangu lini, nikamwambia tangu ana meno ya utoto. Akaandika. Kisha akanisomea yote kwa sauti, taratibu, kama anamsomea mtu asiyeona, nikashika kitabu kitakatifu mkononi nikaapa kwamba yote ni kweli. Mdogo wangu, nilipokiweka kile kitabu mezani nilijisikia mwepesi, ndiyo mara ya kwanza tangu siku ile. Nilijiona kama nimeushika mkono wa mtoto ukingoni na mtu mwingine ameushika wa kwangu.

Jaji atatusikiliza mwezi ujao. Kusanyiko lote linakuombea. Na upande ule wa nywele ambao haujasukwa usikukoseshe usingizi, mwenyewe anajua kujifunga kitambaa.

Dada yako


12 Mei

Mdogo wangu,

Hujambo? Huku mvua imeanza, paa linavuja pale pale pa siku zote, nimesogeza cherehani karibu na mlango.

Kesi ilisikilizwa. Jaji ni mtu wa makamo, sauti ya chini, anaandika kila kitu kwa mkono wake mwenyewe. Mambo hayakuisha. Wanahitaji karatasi kutoka kwako, yenye kiapo chako. Wakili atakueleza, yeye ndiye anayeijua lugha yao. Usijali sana, ni utaratibu tu.

Samahani barua ni fupi. Macho yamenichoka.

Dada yako


14 Mei

Kwa mama wa mtoto,

YAH: OMBI LA KULETWA MTOTO MBELE YA MAHAKAMA

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Nasikitika kukuarifu kwamba ombi lililofunguliwa na dada yako limetupiliwa mbali. Katika hati yake ya kiapo ametajwa kuwa mama mzazi wa mtoto. Wakili wa serikali alimwuliza alijifungulia hospitali gani. Alijibu kwamba hakujifungua yeye, alijifungua mdogo wake. Akaulizwa, basi yeye si mama wa mtoto? Akajibu kwamba ni mama yake. Akaulizwa kama anaelewa maana ya mzazi. Akajibu kwamba anaelewa vizuri sana, kwa kuwa kikao cha wazazi shuleni huhudhuria yeye miaka yote na hajawahi kurudishwa mlangoni.

Watu walicheka. Mheshimiwa Jaji hakucheka, ila alisema hawezi kutoa amri juu ya kiapo kisicho cha kweli, na kwamba mwombaji ashukuru hashtakiwi.

Naomba ieleweke kwamba neno "mzazi" nililiongeza mimi. Dada yako alisema "mama", nami nikadhani nafafanua. Nilipomsomea, aliliona ni sawa.

Lipo jambo moja la kuzingatia. Siku hiyo serikali haikukana kwamba mtoto wanaye. Walipinga kiapo peke yake. Naona hiyo ni dalili kwamba yuko mikononi mwao, na kwamba muda ni muhimu sana. Tafadhali apa mbele ya ofisa anayetambulika huko uliko, kwamba wewe ndiwe uliyemzaa, kisha uitume kwa njia ya haraka kuliko zote.

Wako katika utumishi,

Wakili


10 Juni

Dada,

Wakili wako ameniandikia. Wewe uliniandikia habari za paa.

Uliapa kwamba umemzaa. Najua utasema hukujua. Labda pale ofisini hukujua. Lakini mahakamani uliulizwa waziwazi, mbele ya watu, kama wewe si mama yake. Ilikuwa ni kusema tu mimi ni mama mkubwa. Maneno mawili. Mtoto mdogo angeyasema. Ulishindwa kuyatoa mdomoni.

Unajua ananiitaje kwenye barua zake? Mama wa Mbali. Nilidhani ni utani wake, nikawa nacheka. Mwaka wa tatu nikaacha kucheka, lakini sikusema kitu, kwa sababu wewe ndiye unayemlisha na kumfulia na kumwamsha shule, ningesema nini. Nimenyamaza miaka yote. Na siku moja tu iliyotakiwa mtu aseme ukweli kwamba mtoto ni wangu, ukashindwa.

Ungesema, angekuwa nyumbani.

Kiapo changu kimo ndani ya bahasha hii. Nilitumwa dawa ya bibi, nikapitia kwa ofisa. Aliniuliza mara mbili kama mimi ndiye niliyemzaa. Mara ya pili nilijibu kwa sauti mpaka watu kwenye foleni wakageuka. Nilichelewa kurudi na mwenye nyumba amejua. Tangu jana wananifungia mlango wa mbele. Si kitu, ilimradi karatasi imetoka.

Ipeleke leo hii unayoisoma.

Mama mzazi wa Chiriku


18 Julai

Mdogo wangu,

Barua yako nimeisoma mara moja nikaikunja. Uliyosema umesema. Nilitaka kukujibu kwamba lile neno lilinikwama kama mfupa, kwamba nilimwona mtoto kama amesimama mlangoni ananisikiliza nikimkana. Lakini hilo ni la kuzungumza tukiwa tumekaa uso kwa uso, tukijaliwa. Leo nina zito zaidi, na safari hii sifichi.

Karatasi yako ilifika. Wakili alifungua ombi upya kwa jina lako. Jaji akatoa amri: mtoto aletwe. Alisema kwa sauti ile ile yake ya chini, ameinamisha kichwa anaandika, mimi nikadhani bado anasoma, mpaka wakili aliponibana kiwiko. Tulitoka tukakaa kwenye ngazi za mahakama tukihema, mimi na yule kijana, kama watu waliotoka kuogelea.

Siku yenyewe nikabeba gauni safi, sabuni na chanuo. Nimekaa mbele. Mlango wa pembeni ukafunguliwa, askari wawili, na katikati yao binti. Gauni la bluu, mdogo wangu. Mifuko miwili mikubwa. Kichwa kimenyolewa.

Nilisimama. Kisha akainua uso, na hakuwa yeye.

Urefu ni ule ule, umri labda ni ule ule. Gauni ni lile nililolishona kwa mikono yangu. Mtoto ni wa watu. Wakili aliona, maana namfahamu sasa, shingo yake ilipanda. Picha tuliyoambatanisha imetolewa nakala mpaka uso umekuwa kama kitako cha sufuria, haingemsaidia jaji. Wakili wa serikali akainuka akasema amri ya mahakama imetekelezwa, mtoto ndiye huyu, hana shtaka, yuko huru kwenda na ndugu zake, wanaomba jalada lifungwe.

Jaji akaniita nisogee nimtambue. Nikasogea mpaka nikamfikia. Akasema polepole sana, midomo haikufunguka vizuri: "Mama, zipu walizichukua."

Nani alimwambia habari za zipu? Mtu mmoja tu angeweza kumwambia. Huyu alilala karibu na Chiriku. Alimsikia akiongea. Wakili alikuwa nyuma yangu, akaninong'oneza kwamba nikikubali, limekwisha, hakuna jaji atakayemtafuta mtoto aliyekwisha kupatikana. Nilimsikia. Nisiseme kwamba sikumsikia. Na nilijua pia kwamba nikikataa, huyu anarudi kupitia mlango ule ule, na habari za mwanetu zinarudi naye, na kesho wataapa kwamba hawana mwingine.

Jaji akauliza, "Huyu ndiye?"

Nikasema, "Ni mtoto wangu."

Safari hii hakuna aliyecheka, wala hakuna aliyeniuliza nilijifungulia wapi. Waligonga mhuri. Mbele za Mungu ningeweza kujitetea kwa maneno, kwamba kila mtoto ni wangu. Lakini nilijua jaji anauliza nini, na Mungu naye anajua kwamba nilijua. Nikipiga magoti usiku nafika mahali fulani kwenye sala, nanyamaza.

Sasa yuko hapa. Alikuwa mfanyakazi wa ndani. Siku ile alitumwa sokoni, na waajiri wake walipoulizwa na polisi walisema hawamjui, wasije wakaingizwa kwenye matatizo. Kwao alikotoka hana aliyebaki. Chiriku alimpa jina la Jirani, kwa sababu walilala ubavu kwa ubavu. Anasema gauni alipewa na Chiriku mwenyewe, la kwake lilikuwa limechanika. Anasema asubuhi moja waliitwa baadhi yao, Chiriku akiwamo, wakapandishwa gari lililofungwa pande zote. Hakuambiwa mtu wanakwenda wapi. Baadaye amri yetu ilipofika, askari waliita jina la mwanao, jina lake la shule, na hakuna aliyeitika. Wakawapanga mabinti ukutani, wakaangalia urefu. Mmoja akamgusa huyu bega akamwambia, leo wewe ndiye yeye.

Nimekueleza yote. Nihukumu utakavyoona, wewe ndiye mwenye haki hiyo.

Dada yako


9 Agosti

Dada,

Kwa hiyo mwanangu amepatikana. Serikali imesema, jaji amesema, wewe umesema.

Umemwachia mtoto wa watu kiti cha mwanangu na umefunga mlango nyuma yake. Sina chuki na huyo binti. Lakini mimi nimezaa mmoja. Nimefungiwa humu ndani kwa sababu ya karatasi moja, na karatasi hiyo wewe umeitumia kumtoa mwingine.

Rudi kwa jaji. Mwambie ulisema uongo. Mwambie mwenye jina hilo bado hajaletwa. Mimi sijui watakufanya nini wewe, na sijui watamfanya nini yeye, na nisamehewe, lakini siulizi. Rudi.

Mama wa Chiriku


31 Agosti

Shikamoo Mama,

Mimi ndiye Jirani. Nimesoma mpaka darasa la sita kwa hiyo unisamehe mwandiko. Mama wa hapa hajui kwamba nakuandikia. Yuko ibadani.

Barua yako aliisoma akaiweka chini ya cherehani, nami nikaisoma. Usimkasirikie, hakunionyesha. Hakulia. Alimaliza kushona kola aliyokuwa anashona, akaenda kwa wakili. Wakili alikuja hapa jioni wakabishana uani. Wakili alimwambia kusema uongo juu ya kiapo ni kifungo, na mimi nitarudishwa. Mama akamwambia mdogo wake ndiye mwenye mtoto, na amesema. Wanakwenda Jumatatu. Aliniambia mwenyewe, hakunificha. Aliniuliza kama nataka kukimbia kabla, akanifungia nguo na akanionyesha njia ya nyuma. Nimemwambia sikimbii. Niko tayari. Miezi hii nililala kitandani.

Naandika kwa sababu nikirudishwa kule hakuna karatasi, na nataka ujue habari za Chiriku kutoka kwa aliyemwona.

Hakupigwa sana. Aliongea sana, mpaka mlinzi wa zamu alikuwa anambembeleza apumzike. Alitupa majina wote. Alituhadithia habari zako, kwamba una sauti nzito ukiimba, kwamba huli ngozi ya samaki, kwamba siku moja utashuka kwenye gari na masanduku na yeye atakuwa wa kwanza kukuona. Hakulia ila mara moja, jino lilipomuuma.

Siku moja mlinzi alikuja anacheka. Akatuambia kuna mama mmoja amefukuzwa mahakamani, anadai ni mzazi wa mtoto kwa sababu anakwenda vikao vya shule. Wote tukacheka. Chiriku akaruka, akashika nondo, akasema huyo ni mama yangu, huyo ni mama yangu kabisa, hasemi uongo, ndivyo anavyoongea. Alifurahi siku nzima. Alisema sasa anajua anatafutwa. Usiku akanipa gauni, akasema yeye hatalihitaji, anakwenda nyumbani kuna mengine.

Gari lilikuja wiki iliyofuata.

Mama, hilo la mwisho sikumwambia Mama wa hapa. Anajua kuhusu gari lakini hajui lilikuja lini, hakuniuliza. Nadhani anaogopa kuuliza. Nimehesabu mwenyewe, na wewe ukihesabu utaona kwamba siku ile ya kesi ya kwanza Chiriku alikuwa bado yuko, kuta mbili tu kutoka mapokezi alipokuwa anasimama Mama wa hapa kila siku. Nakuomba usimwambie. Anaweza kubeba yote lakini si hilo.

Nakutakia afya njema.

Jirani


24 Septemba

Dada yangu,

Shikamoo. Sijakupa shikamoo kwenye barua zangu zote za mwaka huu, nimeona leo nilipozipitia kichwani.

Nilikuandikia kwa hasira nikiwa sijalala. Nilisema ungesema maneno mawili angekuwa nyumbani. Hilo si kweli, na nataka ulitoe moyoni. Binti wa bibi ana watu anaofahamiana nao, ameniulizia. Wamemwambia wale watoto walihamishwa mapema sana, mwezi ule ule wa Machi, hata wewe ulikuwa bado hujapanda ngazi za yule wakili. Kwa hiyo uliposimama pale na kusema wewe ni mama yake, hakuwepo wa kuokolewa wala wa kupotezwa. Hukumdhuru. Usiulize tena wala usimwulize mtu yeyote, mimi nimeshauliza, na jibu ndilo hilo.

Pale mahakamani ulisema sawa. Ni wewe uliyemfundisha kufunga kamba za viatu.

Nilikuagiza urudi kwa jaji. Kama hujaenda, usiende. Keti, shona, na huyo binti akae. Mpe kile kitanda.

Kama ulishakwenda, nijibu haraka. Asikuandikie wakili, wala jirani yeyote. Andika wewe, kwa mkono wako, hata mstari mmoja, hata habari za paa.

Dereva anasema atapitia kwa wakala kila siku.

Mdogo wako